Deni la Saranda

Mayai manane. Hilo silisahau.
Treni ya Kigoma ilichelewa, ikaingia na baridi ya saa tisa usiku,
tukakimbia juu ya kokoto, kila mmoja na karai lake,
chumvi nimeifunga kwenye vipande vya gazeti.
Behewa la nne, dirisha la tatu:
mkono usio na kidole cha shahada ukashuka,
ukachukua manane, ya moto.
Kisha filimbi.
Nikakimbia sambamba na dirisha mpaka kokoto zilipoishia.
"Nitalipa nikirudi, mama!"
Aliniita mama, nami nilikuwa sijazaa.

Mengine yanapepetwa na upepo kama pumba.
Asubuhi nakuta jiko linawaka,
nauuliza ukuta, nani amewasha?
Kanga yangu imejaa mafundo;
kila fundo nililifunga nikumbuke jambo,
sasa nimebaki na mafundo.
Mume wangu alikuwa mrefu.
Au yule alikuwa kaka yake.
Kaburi liko nyuma ya zizi, zizi halina ng'ombe,
nalifagia kila Jumamosi,
kama ni Jumamosi.

Wanasema siku hizi iko treni ya umeme.
Inapita kule ng'ambo kama mtu aliyesusa,
na madirisha yake, kaniambia kijana wa Mzee Ndahani,
hayafunguki.
Sasa ule mkono utatokea wapi?

Jioni simu inalia. Naitafuta, naikuta ndani ya chungu cha mlenda.
Mwanamke. Naye ananiita mama.
Anasema ni Sechelela, yuko Dodoma mjini,
nimekula? dawa nimekunywa? mlango nimefunga?
Sechelela. Jina zuri.
Niliwahi kumpa mtu jina hilo,
mvua ilikuwa inanyesha, ya kwanza baada ya njaa,
wakamfunika kwa kaniki yangu.
Nikamjibu kwa adabu, maana mteja ni mteja:
"Mayai yapo, mwanangu. Bado ya moto."

Kimya.
Nikamsikia akihema kama aliyepanda mlima kwa miguu.
"Basi niwekee mawili," akasema. "Nitalipa nikija."

Nilicheka mpaka machozi.
Ndivyo msemavyo nyote, nikamwambia,
nikashika pindo la kanga, nikafunga fundo jingine.
Manane na mawili.
Kumi.