Mgeni wa Wiki Hii

Mimi nilimjua kwanza kwa vipimo:
kifua thelathini na nne, kiuno ishirini na tatu na nusu,
bega la kushoto limeshuka kidogo
kwa ndoo za maziwa za Nebraska.
Jina lilikuja baadaye, nalo si lake.
Kwenye karatasi za studio: Arlene Voss.
Kwenye bahasha za mama yake: Ludmila Vojtek,
wino umekolea kwenye ile k ya mwisho
kama mtu anayegonga meza.

Walimwita Jumatatu, Ijumaa wamemalizana naye.
Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe:
yeye ya tatu alipewa risasi,
au homa, au farasi aliyekata hatamu,
ili yule mwenye nyota mlangoni
apige goti, avue kofia,
na wiki ijayo aamke hana hata kovu.
Mgeni njoo, mwenyeji apone.
Kapona kweli mwenyeji. Misimu tisa kapona.

Na mimi, Ofelia Bracamonte,
chumba cha mavazi, ghorofa ya chini, Burbank,
ndiye niliyetoboa matundu ya risasi
kwa mkasi wa kucha, nikaunguza kingo kwa sigara
(sivuti), na kesho yake nikayaziba,
maana gauni lilikuwa na kazi nyingine Alhamisi.
Damu ilikuwa sharubati ya chokoleti.
Televisheni haikuwa na rangi bado; weusi ulitosha.
Nzi walimpenda. Alilala mfu, taa zinachemka,
nzi ubavuni, kope hazichezi,
mpaka mwongozaji akumbuke kusema basi.

Mjane mara saba. Mwalimu wa shule mara nne.
Kipofu mara moja, akarudi nyumbani magoti yamevilia damu.
Shahidi anayelia kizimbani, sikumbuki mara ngapi.
Na siku moja malkia wa sayari fulani,
kichwani chujio la tambi nililolipaka rangi ya fedha.
Akanicheka, nikamcheka,
pini zikanimwagika kutoka mdomoni.

Mwaka wa hamsini na tisa nusura wampe nyumba:
kipindi chake mwenyewe, daktari wa mifugo,
mji mdogo wa Montana, theluji ya pamba.
Wakapiga kimoja cha mfano.
Nilimshonea koti lenye mifuko minne.
Kampuni ya sabuni ikatazama, ikasema
mwanamke aliyezamisha mkono ndani ya ng'ombe
hauzi sabuni.
Arlene akauliza, "Kwani wao hunawa baada ya nini?"
Hakulia. Alikaa juu ya kikapu cha nguo chafu
mpaka walinzi wakazima korido.
Halafu: "Ofelia, nitilie jina."

Nikalitia. Ndani ya ukosi, nyuma ya shingo,
pasipofika kamera,
uzi mweupe juu ya kitambaa cheupe: Vojtek.
Tangu hapo kila aliyekufa alikufa nalo,
mjane, mwalimu, na yule mwizi wa lulu
aliyesukumwa ngazini.

Sasa nina miaka themanini na mmoja, usingizi umenihama.
Saa nane za usiku chaneli ya marudio humfufua.
Malipo ya marudio yalikoma zamani, onyesho la sita,
ndivyo mkataba ulivyosema.
Hundi ya mwisho aliniletea niione:
dola moja na senti kumi na nne.
Tulinunua pai moja, vijiko viwili.

Majina hupita mwishoni
kama treni isiyosimama kituo chetu,
na juu yake mtangazaji anasifia godoro.
Siyasomi. Hata uso siuangalii sana,
uso ni kazi ya watu wengine.
Nangoja ageuke.
Anageuka. Bega la kushoto limekaa sawa:
pamba ile niliijaza mimi.

Jana nilizima kabla ya risasi.
Leo sijui.
Lile gauni la kijivu, nalipenda
linavyoanguka.