Kitufe cha Chini

Ijumaa, duka nimefunga mapema.
Hapa Limbani, Wete, umeme upo, tuseme upo,
na kompyuta ni ile ya hesabu za karafuu:
herufi N imefutika, feni inakohoa
kama mtu aliyemeza mwiba wa changu.

Nimechomeka kidude kilichonijia kutoka Maskati
ndani ya soksi, soksi ndani ya kasha la tende.
Juu yake nimetia kaseti ya kijivu,
ile ile, iliyoandikwa kwa biki: SHAAME,
na chini, kwa mkono wangu wa darasa la tatu: na Mize.

Mashine ikaimeza, ikafikiri, ikatema faili.
Dogo. Dogo kuliko picha moja ya harusi.
Utoto mzima, na bado nafasi inabaki.

Kisha programu yenyewe, ile inayojifanya
ni kichezeo chetu cha mkononi
kilichovunjika kioo mwaka ule paa lilipovuja.
Furushi lake nikalifungua pasipo pahala pake,
vitu vikatapakaa juu ya skrini kama karafuu zisizo jamvi.
Nikaunda folda. Nikaiita MAMBO YETU.
Ikaniambia haioni faili la kuamkia.
Nikalitafuta, nikaliweka. Ikasema silo.
Saa nzima tunabishana, mie na kiwambo cheusi,
mpaka nikagundua jina nimeliandika kwa herufi kubwa
pale ilipotaka ndogo.
Ina adabu zake, kama mkwe.

Ikawaka. Sauti kwanza, ting, ting,
na vidole vyangu vikajua kabla ya macho.
Lakini mtu wetu mdogo wa kofia ya buluu
alikimbia kama aliyefumaniwa,
kasi mara tatu, akagonga ukuta, akafa, akazaliwa, akagonga.
Nikapunguza. Nikapunguza tena.
Akatembea.

Sasa vitufe. Programu inauliza kimoja kimoja.
Juu? Nikabonyeza mshale wa juu.
Kushoto? Kulia? Kuruka nikakupa herufi Z.
Chini?
Hapo kidole kikasimama.

Kwa sababu sisi hatukuwa na chini.
Kitufe kile kilizama mwezi wa pili tu,
hakikurudi hata kwa ncha ya sindano ya mama.
Tukajifunza mchezo wa watu wasioinama:
mbele, ruka, mbele, ruka,
na penye kisima, mwisho wa daraja,
tunasimama tunangoja jiwe lituponde,
tunakufa kwa heshima, tunapeana zamu.
"Ndo mwisho wake hapa, Mize," Shaame akisema.
Nami nikawatambia watoto wa Utaani wote
kwamba mie na kaka yangu gemu tumelimaliza.

Mwanangu Faki, miaka minane, andazi mkononi,
akapita nyuma yangu, akanyoosha kidole chenye mafuta,
akabonyeza.

Mtu wetu akainama.
Miaka ishirini na sita, akainama.
Kisima kikammeza, na kumbe chini kuna nchi nzima,
taa za kijani, ngazi, mito inayopanda juu,
muziki mwengine kabisa.
"Mama, mbona rahisi," akasema Faki,
akaenda zake mpirani.

Nikampigia Shaame. Nilimsikia akizima redio ya gari.
Nikamwambia: kile kisima kinaingilika.
Akanyamaza. Kisha lile cheko lake la puani.
"Nalijua. Nilicheza kwa akina Mbarouk, kitufe chao kizima.
Nilishuka mpaka ngazi ya saba."
Na usiniambie?
"Ningekwambiaje? Ulikuwa ushawatambia watu."

Umeme ukakatika papo hapo, bila ya salamu,
na sikuwa nimehifadhi kitu.

Uliporudi, baada ya isha, nilianza upya, peke yangu.
Mafuta ya andazi yangaliko juu ya mshale.
Penye kisima nikamsimamisha,
nikangoja jiwe, mara moja tu, kwa heshima.
Halafu nikashuka.