Ameamka

Mvua ya kwanza ya vuli
haijatosha hata kujaza kata,
mama keshafunga kanga kiunoni
anataka kwenda uwandani.
Namwambia: goti lako.
Anasema: goti langu halijakutuma.

Nyuma ya skuli ya Mtende
njia inaacha mchanga, inaingia maweni.
Jiwe juu ya jiwe, makali kama vigae vya chupa;
udongo umo mashimoni tu, kiganja hapa, kiganja pale,
na humo ndimo tunamofukia choroko
kama mtu anayeficha senti.
Juzi ami Vuai alilitia moto konde.
Bado majivu. Bado moshi umelala vichakani,
na mbuzi wa Pandu Ngwali wanazunguka, hawana la kutafuna.

Halafu hilo.
Bila jani, bila kubisha hodi,
bua tupu lenye madoa kama shingo ya kenge,
na juu yake duara jekundu,
nyuzi mia na zaidi, kila uzi na punje ya njano nchani.
Utadhani mtu kaja kuomba moto kwa jirani,
kaa likamwanguka njiani, akaenda zake.

Niliwahi kutafuta jina lake.
Mwalimu Hafsa wa sayansi alisema lazima liwe na jina kitabuni;
akahamishiwa Micheweni kabla hajalipata.
Watoto wa Kibuteni wanaliita burashi.
Ami Vuai anasema sumu ya mbuzi, na hapo kamaliza.
Mama haliiti.

Mama anachutama, anapuliza majivu pembeni ya bua,
anasema:
"Ameamka."

Si limechanua. Si limeota.
Miaka yote nikidhani ni Kikae chake tu,
kimempindia ngeli.
Mwaka huu ndipo nikauliza:
nani kaamka?

Akanijibu bila kunyanyua kichwa,
kama anayenitajia bei ya dagaa.
Kabla yangu alikuwapo mmoja.
Miezi minane. Hakulia.
Baba alikuwa Pemba, kwenye karafuu.
Yeye na bibi Mashavu na kandili,
hawakungoja wanaume,
wakamleta huku kwenye shimo lenye udongo wa kutosha.
"Wa kutosha," akarudia, akapima kwa mikono miwili.
Kulipokucha akataka kuweka alama.
Lakini uweke jiwe gani, uwandani?
Upande mpapai, mbuzi.
Upande mkwamba, moto wa konde.
Basi akachimbua tunguu la hili,
halizidi ngumi ya mtoto,
"kwa sababu mbuzi hamgusi,
na moto haumfikii."

Nikahesabu nyuma.
Kumbe ule mwaka wa ukame
alivyokuwa akikaa mlangoni kutazama mawingu,
na mbegu hatukuwa nazo.
Kumbe ami Vuai, kila akilima, hupinda pale,
jembe lake likijua
kitu ambacho mdomo wake haujasema.

"Siku saba, nane," mama anasema, "kisha anasinyaa.
Majani huja baadaye, mapana. Watu wanayapita tu."

Nilitaka kumwambia pole.
Pole ya miaka arobaini na moja
ilinikwama kooni kama mwiba wa changu.
Nikasema neno jingine, la kijinga:
"Mbona hukumpa jina?"

"Nani kakwambia sikumpa?"

Akajifuta majivu kwenye kanga,
akaninyooshea mkono nimwinue.
Goti likalia, kwaa,
kuni mbichi jikoni.

Tulipokuwa tunarudi, mbuzi mmoja wa Pandu,
yule mweupe aliyekatika sikio,
akatupita akielekea kule kule.
Nikainama kuokota jiwe.

"Mwache," mama akasema. "Wanajuana."