Sakafu ya Kibosho

Amepiga magoti, lakini hasali.
Tochi mdomoni, Aikaruwa anasugua mkaa juu ya karatasi:
ua linajitokeza,
petali tano, moja imepinda.

Anaandika: udongo mwekundu wa Mto Karanga,
ukagongwa muhuri wa mti ungali laini,
mashimo yakajazwa udongo mweupe,
ukachomwa kwa kuni za mibuni iliyozeeka.
Fundi: hajulikani.

Halafu, chini ya benchi la nyuma kabisa,
pasipofikiwa na viatu vya Jumapili,
unyayo wa kuku.
Vidole vitatu katikati ya ua,
mbichi kama wa leo asubuhi.

Anafuta "hajulikani".
Anaandika: alifuga kuku.
Siku hiyo alichelewa kumfukuza.

Au alimwona,
akacheka,
akakichoma kigae hivyo hivyo.