Zipu ya Joka

Mkanda wa kwanza ulifika Tukuyu ndani ya gunia la viazi,
jalada halina, mvua ikinyesha kama kawaida yetu, bila kuuliza mtu.
Mimi nilikuwa mtafsiri wa banda la Mwakalobo:
shilingi hamsini mlangoni, watoto wawili tiketi moja,
na Kijapani nilichokijua
hakikujaza kisoda.

Joka likapanda kutoka ziwani. Nikashika kipaza sauti:
"Nani kamwaga sabuni Ngosi? Ajitaje kabla sijafika Kiwira!"
Banda likalipuka.
Mgongoni, pale magamba yanapoachana,
nikaiona zipu.
Nikanyamaza. Zipu ya mtu ni siri yake.

Jina lake alinisomea Mjapani mmoja, fundi wa madaraja,
akaliandika nyuma ya pakiti ya sigara: Onodera, mwongozaji.
Tangu hapo nikamfuata mkanda kwa mkanda
kama ufuatavyo kwato za ng'ombe wako kwenye matope.

Ujanani alikuwa na hasira.
Alijenga miji ya maboksi, treni fupi kuliko kiatu changu,
akaikanyaga yote.
Kisha akapata fedha, akaenda angani:
meli zinaning'inia, nyuzi zinametameta.
"Hizo ni waya za umeme," nikawaambia watu.
Wakaguna. Kwetu nguzo zilikuwa zimefika, umeme bado.

Halafu mikanda mitatu mibaya, sijui ni pombe, sijui ni deni.
Mlima uleule uliungua mara tatu, moshi uleule, upande uleule.
Mwaka ule nilidanganya mpaka sauti ikakauka.

Kompyuta ikaja. Joka likawa laini, halina mshono,
na jina lake likashuka chini kabisa,
herufi kama chenga za mchele.
Watoto walishangilia.
Mimi nilikuwa natafuta zipu.

Wa mwisho ulikuja kwenye sidii iliyokwaruzika.
Mji wa karatasi, usiku. Joka la mpira, la zamani, linapita polepole,
linainama kwenye dirisha moja lenye taa.
Halivunji kitu. Linachungulia tu.
Kipaza sauti nilikuwa nacho mkononi,
sikusema neno.
Tulikuwa watu wanane. Mmoja akadai hela yake,
nikamrudishia.

Sasa banda ni duka la mbolea, na kila mtoto ana sinema mfukoni.
Lakini yule fundi aliwahi kunieleza mawingu ya Onodera:
rangi ndani ya tangi la maji, kamera imepinduliwa.
Kwa hiyo asubuhi, mgahawani kwa Sekela,
namimina maziwa kwenye glasi ya chai, taratibu,
nalaza kichwa mezani, naangalia.
Linazama, linajikunja, linafumuka.
Rungwe yote inafunikwa.

"Shingo inauma tena?" ananiuliza Sekela.
Namwambia asubiri kidogo,
kuna kitu kinataka kutoka.