Ofisa wa Pili

Nilimshonea vifungo Gerwin Stahnke
miaka ishirini na sita, stoo ya mavazi, Borehamwood,
na daftari langu linajua alivyokufa:
kwa risasi, kwa sumu, kwa ngazi ya hoteli,
mara mbili kwa treni ileile.
Jina hakupewa. Aliandikwa Ofisa wa Pili,
Daktari, Mgeni Mwenye Miwani.

Alipofika kutoka Leipzig na sanduku la kufunga kwa kamba
alikaa miezi akiung'arisha ulimi
kwa redio ya mama mwenye nyumba,
hadi muuza maziwa akamdhania mwalimu.
Kumbe ulimi unaokwaruza ndio unaolipwa.
"Ongeza Ujerumani kidogo, Gerwin,"
naye akauongeza, kama mtu anayetia chumvi
kwenye chai ya wenyewe.

Sare ile ndiyo iliyomchukua baba yake.
Aliniambia mara moja tu, mikono juu,
nikimpima kwapa.
"Kaza hapa," akasema. "Nisipumue vizuri."

Mwaka wa mwisho wakampa Mwingereza:
mzee wa bustani, hana neno, anapunguza ua wa michongoma.
Majuma matatu alifanya mazoezi jikoni
ya kunyamaza Kiingereza.

Nilikwenda kuitazama Watford, Jumanne, mvua,
watu tisa ukumbini na mmoja amelala.
Sekunde nne. Mgongo, kofia, mkasi.
Kisha akageuka kidogo,
kama mtu aliyesikia anaitwa kwa jina lake,
wakamkata.