Au

Saa nane usiku, Igogo. Feni imezimika na umeme.
Minza anaandika kwa chaji iliyobaki: furu.
Asubuhi anakuta fulu.
Anarudisha ra yake. Jioni, la.
Siku tatu herufi moja inapigwa danadana
na mtu asiyemjua, wa Shirati.
Ya nne akamwandikia:
"Ndugu, unaharibu makusudi?"

Jibu likaadimika kama dagaa wa mbalamwezi.

Kisha: "Dada, samahani.
Mama aliwakaanga akiwaita fulu.
Sikujua kwenu mna lenu."

Minza akacheka peke yake, simu asilimia tatu.
Samaki mwenyewe anakwisha ziwani,
sisi tunamgombea konsonanti!

Akaandika: Furu au fulu,
akabonyeza hifadhi, giza likamfunika.

Kulipokucha, Ogutu alikwisha kuiweka
nukta aliyoisahau.